Nakala Kuukuu au Iliyokarabatiwa kwa 4K: Ipi Inaifaa Filamu ya Ndoto?

Kwa miaka kadhaa sasa, watu wachache tunaopenda filamu tumekuwa tukikutana Jumamosi ya mwisho wa mwezi katika chumba kimoja cha Mwanga, hapa Kigoma mjini, tukiwa na projekta moja, spika mbili za kuazima na shuka jeupe lililotandazwa ukutani. Kila inapofika zamu ya filamu ya usurealia, yaani ile inayokwenda kwa mantiki ya ndoto badala ya mantiki ya kisa, huzuka ubishi uleule: tuoneshe nakala ya zamani, ambayo imezunguka mikononi mwa watu tangu enzi za deki na diski za kuchoma, au tuoneshe nakala mpya iliyokarabatiwa kwa ubora wa 4K? Kwa filamu ya mapigano ubishi huo haupo, kwa sababu anayekwenda kutazama ngumi anataka kuiona ngumi. Kwa filamu ya ndoto upo, na ni wa haki, maana wapo watu makini wanaoshikilia kwamba giza, ukungu na mikwaruzo ndivyo vinavyoifanya ndoto iwe ndoto, na kwamba ukiisafisha picha umemwamsha mwotaji. Mimi mwenyewe nilikuwa upande huo kwa muda mrefu. Nimehama, ingawa si kwa filamu zote, na ninaandika ulinganisho huu kwa ajili ya mtu ambaye ana nakala mbili mbele yake na jioni moja tu ya kutazama.

Diski ya DVD ya mfumo wa PAL, ambao ndio tuliouzoea Tanzania, hubeba picha ya nukta (pikseli) 720 kwa 576, ambazo jumla yake ni takriban 415,000. Picha ya HD ina nukta 1,920 kwa 1,080, yaani zaidi kidogo ya milioni 2, na ya 4K ina 3,840 kwa 2,160, yaani karibu milioni 8.3. Tarakimu hizo ndizo zinazoandikwa kwa herufi kubwa kwenye majalada, lakini kwangu mimi uzito hauko hapo. Uko kwenye ukoo wa nakala. Filamu iliyopigwa kwa mkanda wa milimita 35 ina mama mmoja, ambaye ni negativu iliyopita ndani ya kamera. Nakala inayooneshwa kwenye jumba la sinema mara nyingi ni mjukuu au kitukuu wake, kanda ya video inayotolewa humo ni kilembwe, na diski iliyochomwa kutoka kwenye kanda hiyo iko mbali zaidi, na kila kizazi kimepoteza kitu: kingo za maumbo, ngazi za kijivu kati ya nyeusi na nyeupe, mlio wa chini kabisa wa sauti. Ukarabati wa kweli huurudisha ukoo kwenye chimbuko. Negativu, au kizazi cha karibu zaidi kilichosalia, husomwa na mashine picha moja baada ya nyingine, na kwa kuwa sekunde moja ya filamu ina picha 24, filamu ya dakika 90 ina picha 129,600 za kusomwa, kufutwa vumbi na mikwaruzo, kutulizwa mtikisiko na kupangwa upya mwanga na rangi.

Kwa sababu hiyo sikubaliani na wale wanaosema kwamba nakala kuukuu ni halisi zaidi. Watu walioitazama filamu kwenye jumba la sinema ilipotoka waliona mkanda wa milimita 35 ukiwa bado mpya, na hawakuiona kanda iliyolegea wala diski yenye mistari. Aliye karibu nao zaidi leo ni yule anayetazama nakala iliyokarabatiwa vizuri.

Anayeishi Kigoma anajua kwamba wakati wa kiangazi milima ya Kongo, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, hufichwa na moshi na utusitusi hata mgeni akadhani kwamba ziwa halina upande wa pili, na kwamba mvua zikishasafisha hewa milima hiyo huchomoza, mikunjo yake ikaonekana mmoja mmoja. Hata hivyo, hakuna mvuvi wa Kibirizi anayedhani kwamba milima imesogea kwa kuwa imeonekana. Iko mbali vilevile. Nilichelewa kuutumia ujuzi huo kwenye filamu. Nilikuwa nikichanganya mambo mawili, yaani kutoiona picha na kutoielewa, na nilidhani kwamba la kwanza likiondoka la pili litaondoka pamoja nalo. Filamu iliyonitoa katika kosa hilo ni *Eraserhead* ya David Lynch, mwongozaji wa filamu wa Marekani.

Filamu hiyo ni ya rangi nyeusi na nyeupe, ina dakika 89, ilianza kupigwa mwaka 1972 na ikaoneshwa hadharani mwaka 1977. Inamhusu Henry Spencer, kijana mpole mwenye nywele zilizosimama, anayeishi kwenye mji wa viwanda na kujikuta akilea mtoto ambaye si rahisi kumwita mtoto. Nakala niliyoitazama kwanza ilikuwa diski iliyochomwa, ambayo sikuweza kujua ilichomwa kutoka kwenye nini. Giza lote ndani yake lilikuwa bonge moja. Koti la Henry, kona ya chumba na uchochoro wa nje vilikuwa weusi uleule mmoja, na uso wake ulielea juu yake kama sahani juu ya maji. Nilitishika, na nilidhani kwamba kutishika huko kulitoka kwa msanii.

Nakala iliyokarabatiwa kwa 4K, ambayo Lynch mwenyewe aliisimamia na ambayo ilitolewa mwaka 2014, ilinionesha kwamba lile bonge lilikuwa na vyumba ndani yake. Weusi wa koti si weusi wa ukuta. Ukuta una madoa ya unyevu, na kona niliyodhani kwamba ina kitu kimejificha haina kitu. Hapo ndipo nilipotarajia hofu ipungue, na haikupungua. Nilipokuwa na diski mbovu niliogopa kile ambacho huenda kilikuwamo gizani. Mbele ya nakala safi niliogopa chumba kitupu ambacho nimekiona chote, jambo ambalo ni zito zaidi, kwa kuwa huwezi kuwasha taa ili kulimaliza.

Mtoto yule ndiye mtihani mkubwa. Lynch alifariki Januari 2025 bila kueleza hadharani jinsi alivyomtengeneza, na ninakiri kwamba nilikaa mbele ya nakala mpya nikiwa na wasiwasi kwamba nukta milioni 8 zitaitoboa siri hiyo, nione uzi, gundi au mshono, na filamu iniishie hapohapo. Niliona ngozi yenye majimaji, jicho linalogeuka na kifua kinachopanda na kushuka. Sikuona mshono. Nilipojiuliza kwa nini mandhari ileile ilinisumbua zaidi safari hii, nilipata jibu ambalo ndilo msingi wa ushauri wangu wote: nakala mbovu humpa mtazamaji kisingizio. Kila kinapotokea kitu kisichovumilika, akili hujifariji kwamba picha ndiyo mbaya, kwamba pengine si hivyo, kwamba macho yamekosea. Nakala safi huuondoa mlango huo wa kutokea. Kitu kipo, kimewekwa mbele yako kwa mwanga wa kutosha, na bado hakieleweki. Ndoto nazo ndivyo zilivyo, kwa maana aliyeota kwamba marehemu baba yake ameketi mezani hakumwona kwa ukungu. Alimwona waziwazi, hadi vifungo vya shati, na uwazi huo ndio uliomwamsha akitetemeka.

Sauti nayo isihesabiwe kama nyongeza. Katika *Eraserhead*, Lynch na fundi wake wa sauti, Alan Splet, walijaza filamu nzima mvumo wa mitambo, upepo na mvuke usiokatika, na kwenye diski za kuchoma sehemu ya chini ya mvumo huo huwa imebanwa hadi kubaki mchakacho tu. Siku tuliyoonesha nakala mpya, alikuja mzee mmoja mstaafu wa reli ambaye kwa kawaida huondoka mapema. Tulimwamkia, akaketi nyuma, na hakuondoka. Baada ya filamu alisema, "Wanangu, mlio huu ninaujua. Ni karakana saa nane za usiku, injini zimezimwa lakini chuma hakijalala." Hakuna aliyemwomba aieleze filamu zaidi ya hapo. Kwenye diski ya zamani asingeusikia mlio huo, kwa sababu haumo. Lynch aliijali sauti kiasi kwamba mwaka 2001, alipotoa *Mulholland Drive*, aliwaandikia waendesha mitambo wa majumba ya sinema akiwaomba waongeze sauti kwa desibeli 3 kupita kiwango cha kawaida. Mtu wa namna hiyo haifai kumsikiliza kupitia spika ya simu.

Kuna tofauti nyingine ambayo wengi hawaifahamu. Diski nyingi za mfumo wa PAL huiendesha filamu kwa picha 25 kwa sekunde badala ya 24, hivyo filamu ya dakika 89 humalizika kwa dakika 85 na ushee, na sauti hupanda kidogo isipokuwa kama imerekebishwa. Dakika nne si nyingi kwa filamu ya kisa. Kwa filamu ambayo mtu anasubiri lifti ifunge mlango wake, na kusubiri huko ndiko kunakomsumbua mtazamaji, ni hasara.

Hata hivyo, si kila kinachoitwa 4K ni ukarabati, na hapa naomba msomaji awe mwangalifu kuliko mahali pengine pote. Katika picha ya filamu kuna chenga na kuna chembe. Chenga ni zile za runinga yenye antena mbovu au kanda iliyochakaa; ni uchafu, na kuziondoa ni haki. Chembe ni punje ndogo za fedha zilizomo kwenye mkanda wenyewe, ambazo ndizo zilizoipokea nuru na kuifanya picha. Ukizitazama kwa karibu zinachemka kama vumbi kwenye mwali wa jua, na katika filamu ya ndoto uchemkaji huo huufanya hata ukuta uonekane kama unapumua. Wako wakarabati wanaozifuta chembe pamoja na chenga ili picha ing'ae, na matokeo yake nyuso huwa kama nta na nywele hugandana kama zimepakwa mafuta. Iko pia mizigo mibaya zaidi inayosambazwa kwenye flashi, ambayo ni nakala ya zamani iliyovutwa kwa programu ya kompyuta hadi kufikia nukta za 4K bila mtu yeyote kuirudia negativu. Kabla ya kuchagua, simamisha picha kwenye uso uliopigwa kwa karibu na uangalie vinyweleo na nywele, kisha iache iendelee na uangalie ukuta mtupu. Kama ukuta umetulia tuli kama plastiki, ni bora ubaki na DVD yako.

Filamu inayowapa hoja watetezi wa nakala kuukuu ni *Un Chien Andalou* ya Luis Buñuel na Salvador Dalí, ya mwaka 1929, yenye takriban robo saa tu. Mwanzoni mwake jicho la mwanamke linapasuliwa kwa wembe, na jicho lililotumika kwa kweli lilikuwa la ndama aliyekufa. Kwenye nakala hafifu macho yako yanaruka kutoka kwa mwanamke hadi kwenye wembe bila kupata nafasi ya kuhoji. Kwenye nakala safi, mtu aliyewahi kusimama buchani ataiona ngozi ya ndama na manyoya yake, na mkato ule utagawanyika vipande viwili: uso huu, kisha mnyama yule. Hapo ukarabati umefichua hila. Bado mimi ningechagua nakala safi kwa mtu anayeirudia filamu hiyo, na ningemruhusu anayeitazama mara ya kwanza aanze na ile hafifu, kwa sababu sekunde zile chache hazipatikani mara mbili.

*Inland Empire* ya mwaka 2006 ni jambo jingine kabisa, na ndiyo inayoonesha kwamba swali la kuuliza mbele ya nakala yoyote ni hili: ukungu huu ni wa nani? Lynch aliipiga filamu hiyo ya saa tatu kwa kamera ya video ya Sony PD150, ambayo haifikii hata ubora wa HD, na alifanya hivyo kwa hiari yake, akiwa tayari amekwisha kutumia mkanda wa milimita 35 kwa ustadi mkubwa. Nyuso zinavuja kingo, taa zinaunguza picha, na kona za vyumba zinabaki kuwa tope. Ukungu huo haukuletwa na kanda wala na mchomaji diski. Ni wa msanii. Ilipokarabatiwa mwaka 2022 chini ya usimamizi wake, mafundi hawakuwa na negativu ya kurudia. Walichofanya ni kuishusha nakala ya HD ya awali hadi ubora wa kawaida wa video ili kuondoa ukali bandia uliokuwa umeongezwa wakati wa kuikuza, kisha wakaikuza tena hadi 4K kwa programu ya akili mnemba. Nimeitazama nakala hiyo na ninaiona kuwa ya uaminifu, kwa kuwa imetuliza kingo bila kuzua maelezo ambayo kamera haikuyaona. Lakini mwenye DVD nzuri ya filamu hiyo hana sababu ya kuhangaika, kwa maana anachokosa ni kidogo. Tofauti iliyonipindua kwenye *Eraserhead* haipo huku, na sitarajii kuipata kwenye filamu yoyote iliyozaliwa kwenye video.

Kwa watazamaji wa hapa kwetu, filamu ambayo ukarabati wake una faida kubwa kuliko zote nilizozitaja ni *Touki Bouki*, ambayo jina lake lina maana ya safari ya fisi, iliyotengenezwa Senegal mwaka 1973 na Djibril Diop Mambéty, kijana ambaye hakuwa amefikisha hata miaka thelathini. Ilikarabatiwa mwaka 2008 kwenye maabara ya Bologna, Italia, kwa msaada wa mfuko ulioanzishwa na mwongozaji wa filamu wa Marekani, Martin Scorsese. Mory na Anta wanazunguka Dakar kwa pikipiki iliyofungwa pembe za ng'ombe kwa mbele, wakiiota Paris, na filamu inarukaruka kati ya machinjio, bahari na meli inayosubiri bandarini bila kumwambia mtazamaji ni lini yuko macho na ni lini ameingia kwenye ndoto. Kwenye nakala iliyofifia niliyokuwa nayo, rangi zote zilikuwa zimeelekea kwenye udongo: damu ya machinjio, vumbi la barabara na ngozi za watu vilikuwa kahawia moja, na filamu ilionekana kama kumbukumbu ya zamani sana kuhusu umaskini. Nakala iliyokarabatiwa iliirudishia damu wekundu wake na bahari ubuluu wake, na ghafla ikawa filamu ya vijana. Hilo linanigusa kuliko hoja yoyote ya kiufundi. Filamu za Afrika zimezoeleka kuonekana zikiwa zimechakaa, hata watu wetu wakaanza kuamini kwamba uchakavu huo ndio mtindo wake, ilhali Mambéty alipanga rangi zake kwa makusudi kama mtu anayechagua kitenge.

Kuhusu nakala zenye sauti ya msimulizi wa Kiswahili juu yake, ambazo vibanda umiza vyetu vimelelewa nazo, nitasema kwa ufupi na kwa heshima: sanaa hiyo ni kubwa, lakini kazi yake ni kueleza, na filamu ya ndoto ikielezwa inabaki kisa kisicho na mkia wala kichwa. Ni afadhali maandishi ya tafsiri chini ya picha, au kutoelewa maneno kabisa.

Limebaki suala la vifaa na gharama, ambalo kwa wengi wetu ndilo linaloamua. Kwenye runinga ya inchi 32 iliyoko mita tatu kutoka kwenye kochi, jicho la kawaida haliwezi kutofautisha 4K na HD, na projekta nyingi za bei nafuu hazifikii hata nukta za HD. Kwa intaneti, Netflix wenyewe hueleza kwamba saa moja ya HD inaweza kutumia hadi GB 3 na saa moja ya 4K hadi GB 7, na anayenunua bando kwa fedha zake anajua maana ya tofauti hiyo. Kwa hiyo nakala ninayoipendekeza kwa mtu wa Kigoma ni ile ya HD iliyotolewa kwenye ukarabati wa 4K, kwa sababu inabeba karibu faida yote ya kuirudia negativu: ngazi za giza, rangi na sauti. Gharama iliyookolewa itumike kwenye spika na kwenye giza la chumba. Projekta haina uwezo wa kurusha weusi. Weusi wote unaouona ni shuka ambalo halikuangazwa, na taa moja ya barabarani inayopenya dirishani inatosha kuzirudisha zile ngazi za kijivu kuwa bonge moja kama la diski yangu ya kwanza.

Jumamosi ijayo tutaonesha *Touki Bouki*, nakala iliyokarabatiwa, kwa HD. Tumekubaliana kuanza saa mbili usiku badala ya saa kumi na mbili jioni kama tulivyozoea, na mmoja wetu ameahidi kuleta mablanketi mawili mazito ya kuziba dirisha la upande wa ziwa.